Mafuta Tuliyoyaita Loriki

Vijana wangu wa labo, maabara yetu ya sabuni, siku ile mliponiaga kwa keki na fanta mliniomba niandike "kidogo tu" juu ya kazi. Kidogo! Mtu akae na mizani na chupa za kioo tangu usichana hadi mvi, halafu aandike kidogo. Haya, nimeandika. Vyeo sitavitaja, wenye vyeo wanajua kujitaja wenyewe. Nitasema habari za neno moja mnalolitamka kila asubuhi kabla hata ya kusalimiana: laurique. Au loriki, kama mnavyosema ninyi pamoja na mtaa mzima wa Kadutu.

Siku yangu ya kwanza katika usine, kiwanda chetu cha sabuni, nilivaa viatu vya dada yangu, vilivyonibana hadi nikasahau jina la mtu niliyetumwa kumwona. Mlinzi alinionea huruma akanipeleka labo. Ndani nilimkuta Papa Gervais, mkuu wa labo, mtu mfupi mwenye koti jeupe lililotobolewa na asidi mpaka likafanana na chujio. Hakuniuliza diplome. Alinipa chupa mbili zilizofungwa, akanigeuzia mgongo.

"Nusa, mutoto. Kisha uniambie."

Ya kwanza niliitambua mara moja, mawese, mafuta mekundu ya ngazi, tunda la mchikichi, ambayo kila jiko la Bukavu linayajua. Ya pili ilinisumbua. Harufu yake ilikuwa nyepesi, tamu kidogo, kama karanga zilizosahaulika mfukoni. Nilimwambia sijui.

"Muzuri. Yule anasema hajuwi, nitamufundisha. Ile ni mafuta ya kokwa. Ngazi iko na mafuta mara mbili: nyama ya inje inatoa mawese, kokwa ya ndani inatoa ile. Mama mumoja, batoto mbili, na hawafanane hata kidogo."

Juu ya rafu, karibu na dirisha, palikuwa na kichupa kidogo chenye vipande vyeupe vinavyong'aa. Kibandiko chake kilisema: acide laurique. Nikauliza maana yake, kwa sababu sikuzaliwa na adabu ya kunyamaza.

"Unataka nikuambie ao unataka kujuwa?" aliuliza.

"Vyote viwili, Papa."

"Hapana. Chagua."

Nikachagua kujua, na nilijilaumu wiki nzima. Hatukuwa na simu za kutafutia kila kitu kama ninyi. Nilikwenda kwa abbé wa paroisse yetu, padri aliyefundisha Kilatini, nikamkuta anapalilia kabichi. Alifurahi kama mtu aliyepigiwa simu na ndugu wa mbali. Akanieleza kwamba laurus ni mti wa Ulaya, mti wa laurier, na kwamba zamani washindi wa vita walivikwa taji la majani yake. Akaongeza kwamba avoka zetu ni za ukoo huohuo. Hapo nilisahau kabichi zake zote. Avoka! Kila kiwanja, kila parcelle ya Bukavu ina mti wa avoka, kumbe tunaishi na jamaa ya washindi bila habari.

Basi nilinunua sokoni pakiti ya majani ya laurier, yale tunayotia katika mchuzi wa nyama, nikayatwanga katika kinu cha labo na kuyachemsha nikitafuta vipande vyeupe. Nilipata maji ya kijani yenye harufu ya Jumapili. Wafanyakazi wa upande wa mapipa walianza kupita mlangoni mmoja mmoja wakiuliza nani anapika. Siku iliyofuata nilitengeneza sabuni ya mafuta ya avoka. Povu lake lilikuwa la uvivu, lilitoka kama mtu aliyeamshwa kwa nguvu. Papa Gervais alitazama haya yote mikono nyuma, akicheka kwa tumbo tu.

"Ulitafuta mu majani," alisema mwishoni. "Yule aliyemukuta laurique mara ya kwanza, alimukuta mu tunda ya laurier, si mu majani. Na mu avoka karibu hayuko kabisa, hata kama ni famille. Leo ukitaka kumuona kwa wingi, enda mu kokwa ya ngazi. Mule ndani, karibu nusu ya mafuta ni yeye."

"Sasa kwa nini hawakumwita jina la kokwa?"

"Juu ule mwenye kumupatia jina hakuzaliwa Mumosho, fasi ya ngazi! Sikia, mutoto. Jina inakuambiaka tu fasi batu balikutana naye mara ya kwanza. Haikuambie fasi anakaa."

Nilifikiri hilo njiani hadi nyumbani. Tulikuwa na jirani aliyeitwa Maman Kindu na mji wenyewe wa Kindu alikuwa hakumbuki barabara zake, maana aliondoka huko akiwa mgongoni mwa mama yake. Lakini ukiuliza Maman Kindu, mtaa mzima unakuonyesha mlango. Nilianza kuyashuku majina yote ya kwenye chupa zetu, na ilikuwa raha kubwa.

Baadaye nilijifunza kwamba laurique ana jina la pili, la kitambulisho, acide dodécanoïque, na hilo linasema kweli zaidi: lina kumi na mbili ndani yake, idadi ya chembe za kaboni katika mnyororo wake. Papa Gervais alinifundisha kwa vizibo vya chupa za bia, ambavyo havijawahi kukosekana Bukavu. Alipanga vizibo kumi na viwili mezani kama mnyororo. "Huyu ni laurique." Chini yake akapanga kumi na sita. "Huyu ni mwenzake wa mu mawese, palmitique." Kisha akaweka kidole kwenye kizibo cha mwisho cha kila mnyororo. "Kila moja iko na kinywa kimoja tu, na ile kinywa njo inakula soude, ile magadi kali inageuza mafuta kuwa sabuni. Sasa ukipima kilo moja ya minyororo mifupi na kilo moja ya mirefu, wapi kuko vinywa mingi?"

Mifupi, bila shaka. Kama mahindi mafupi kikapuni: yanaingia mengi kuliko marefu. Ndiyo maana mafuta ya kokwa yanadai soude nyingi kuliko mawese, na ndiyo maana sabuni yake inatoa povu la haraka, la kuwapendeza wanunuzi, hata katika maji magumu ya ziwa letu. Kijana asiyeelewa vizibo hivi asishike pipa la soude. Nasema kwa ukali kwa sababu mtaona mbele kilichotokea.

Sasa matumizi ya jina. Pale usine, watu wa mapipa walikuwa hawana muda wa kusema "mafuta ya kokwa za ngazi". Walisikia neno letu la labo, likawapendeza, wakalibeba. "Leta loriki!" "Loriki imekwisha!" Papa Gervais alikuwa akitoka mlangoni na kelele. "Ile haiko laurique! Laurique iko ndani yake!" Wapi! Ni kama kumkataza mtu kusema amekunywa chupa wakati amekunywa bia. Neno lilitoka nje ya geti pamoja na wafanyakazi, likapanda vilima, likafika mtaa wa Cimpunda, ambako wanawake walikuwa wanapika sabuni nyumbani katika masufuria. Huko loriki ikawa mafuta meupe ya sabuni, basi. Papa Gervais alistaafu akiwa bado amekasirika, nami nilirithi kiti chake na hasira yake nusu.

Wale wanawake wa Cimpunda hawakuwa na mizani kama yetu. Walikuwa na njia yao, na kwa kweli ilikuwa njia nzuri: walitazama rangi. Mafuta mekundu, soude kiasi hiki. Mafuta meupe, soude ongeza. Miaka mingi haikuwadanganya, kwa sababu mafuta meupe yaliyouzwa Bukavu yalikuwa ya kokwa tu. Mimi mwenyewe nilikuwa nikinunua sabuni zao, zilikuwa safi kuliko zetu, na msinitangazie hilo kwa patron, tajiri wa usine.

Mwaka wangu wa mwisho kazini, asubuhi moja ya mvua, mlinzi alinipigia kwamba kuna mama getini anataka "Maman Labo", ndivyo nilivyoitwa. Nilimkuta mjane wa Cimpunda niliyemjua kwa sura, Maman Nsimire, mpishi wa sabuni. Alishika kitambaa kilichofungwa, na hakutaka kukaa.

"Maman Labo, miye sikuje kuomba kazi. Nilikuja kuuliza neno moja tu. Muniambie kweli, hata kama ni mbaya."

Alifungua kitambaa. Ndani kulikuwa na kipande cha sabuni nyeupe.

Akanieleza. Binti yake Espérance, wanamwita Espe, alikuwa amejifungua mtoto wake wa kwanza. Kwetu mnajua, bibi mzaa mama ndiye anayemwosha mtoto mchanga majuma ya kwanza, na ni heshima ambayo mwanamke anaingojea tangu siku ya harusi ya binti yake. Nsimire alikwenda ukweni kwa binti yake na sabuni aliyoipika mwenyewe. Siku ile povu lilikuwa dogo, akaona aibu mbele ya mama mkwe wa Espe, maana mtoto aliyeoshwa bila povu huonekana kama hakuoshwa. Akapaka sabuni tena. Akapaka na mara ya tatu.

"Jioni ngozi ikakuwa nyekundu," alisema. "Mu shingo, mu mapaja. Kesho yake ikaanza kutoka. Balimupeleka mu centre de santé, kwa munganga, Mungu alisaidia, iko napona. Lakini mama mukwe alisema mikono yangu haiko mizuri. Alisema mbele ya batu. Na Espe, mutoto wangu, akaniambia: maman, kwanza mukae mbali. Sasa nauliza. Ni mikono yangu, ao ni sabuni?"

Nilifanya kile ambacho kila mtu wa sabuni anafanya kwanza, nikagusa ulimi kwenye ile sabuni. Iliniuma kama betri. Kisha nikadondosha juu yake tone la ile dawa yetu isiyo na rangi, ambayo inageuka pinki ikikuta soude iliyobaki bure. Ile sabuni ilipiga pinki kali, hata Nsimire aliruka.

"Ni sabuni," nilimwambia. "Iko na soude mingi ndani. Mikono yako haina kosa."

Nilidhani nimempa habari njema. Akakaa chini sakafuni, palepale kati ya meza mbili.

"Sasa si ni miye nilipika ile sabuni? Basi ni miye nilimuchoma."

Nilisikia uchungu ule wa kumwona mtu mzima amekaa sakafuni kama mtoto, na nilisikia hasira, sikujua kwa nani. Mtu wa labo akikosa neno anauliza swali. Nikamuuliza alitia nini, kiasi gani, kwa utaratibu gani. Akanijibu bila kusita hata mara moja: mafuta meupe, loriki, soude ya mafuta meupe, kipimo chake cha siku zote. Hakubadilisha kitu. Nikamuuliza kama mafuta yale yalibaki. Yalibaki. Akayaleta kesho yake katika chupa ya maji.

Nilifungua, nikanusa. Sikusikia karanga za mfukoni. Nilisikia moshi.

Hapo, vijana, udadisi ulinishika hadi vidole. Mnajua kipimo chenyewe: unachemsha mafuta kidogo pamoja na soude iliyopimwa, kando unaweka chupa ya pili isiyo na mafuta, ambayo tunaiita témoin, shahidi, halafu unaangalia mafuta yamekula soude kiasi gani. Mafuta ya kokwa yanakula kwa pupa. Haya yalikula kidogo, sawasawa kabisa na mawese. Wewe kijana wangu Patient, ulikuwa umesimama pembeni yangu, ukasema, "Maman, turudilie, pengine tulikosa." Ulisema vizuri sana, na tulirudia. Jibu likawa lilelile. Yale mafuta meupe yalikuwa mawese. Katika chupa ile loriki ilikuwa jina tupu, laurique mwenyewe hakuwemo.

Vinywa vilikuwa vichache na soude ilikuwa ya vinywa vingi. Iliyokosa wa kuila ilibaki ndani ya sabuni, ikaenda kula ngozi ya mtoto. Na povu dogo lilikuwa dalili ya kosa hilohilo, na kwa ajili ya povu dogo bibi alipaka sabuni mara tatu. Nilipomweleza Nsimire hayo kwa vizibo vya bia, akasema maneno mawili tu: "Twende Mumosho."

Mafuta aliyanunua huko, kwa mzee mmoja aitwaye Papa Birindwa. Tulimkuta uani pake karibu na pipa lake, akatukaribisha kwa viti. Nilikuwa nimejiandaa kukutana na mwizi. Nilimuuliza mafuta yake meupe yanatoka wapi, naye akajibu kwa fahari.

"Ninayapika miye mwenyewe! Mawese, unaweka mu pipa, unafunika, unawasha moto ya nguvu mpaka wekundu inakufa. Kokwa zimekuwa haba, na banamama ba Bukavu banataka nyeupe. Nami ninabapatia nyeupe. Si njo loriki?"

"Unayapika mpaka moshi ikuwe namna gani?" niliuliza, na nilikuwa nimeshasogea kuchungulia pipa. Nsimire alinitazama jicho ambalo sitalisahau. Nikarudi kitini.

Ndipo akamwambia mzee. Hakupiga kelele, alisema tu: "Papa, ile mafuta yenu ilichoma mujukuu wangu. Na bakwe ba mutoto wangu banasema ni mikono yangu."

Papa Birindwa alivua kofia. Mke wake, aliyekuwa anachambua maharage, aliacha maharage. Mzee alikuwa amefanya kazi yake kwa jasho, akaita mafuta yake kama mji wote unavyoyaita, na rangi ilikuwa ileile. Nilimweleza polepole kwamba mafuta yake ni mazuri, sabuni inatoka ndani yake bila shida, lakini lazima mnunuzi aambiwe kwamba ni mawese yaliyopikwa, ili atie soude ya mawese. Alisikiliza kama mwanafunzi. Mwishoni alimuuliza Nsimire jina la mtoto, na aliposikia bado hajabatizwa wala kupewa jina aliinama.

Sabuni iliyobaki hatukuitupa. Uani kwa Nsimire tuliikata vipandevipande, tukaiyeyusha tena, tukaiongezea mawese kidogokidogo ili soude iliyobaki ipate kinywa cha kuila. Wapishi wengine wa Cimpunda walikuja kutazama, nikawafundisha jambo moja: rangi haitoshi, pika kwanza kidogo katika kikombe, acha ikauke, gusa ulimi, ndipo upike sufuria. Walibishana nami nusu siku. Nilifurahi sana, maana mtu anayebisha anasikiliza.

Tuliacha sabuni ikauke, na tukangoja ngozi ya mtoto ipone kabisa. Kisha Nsimire akaniomba nimsindikize ukweni kwa Espe. Niliweka ile dawa ya pinki kwenye mkoba, pamoja na kipande cha sabuni ya zamani na kipande cha mpya.

Mama mkwe alitupokea kwa adabu ya barafu. Espe alikuwa kitandani na mtoto kifuani, hakuinua macho. Nilieleza yote, mafuta, moto, soude. Nikadondosha dawa: sabuni ya zamani ikageuka pinki, mpya ikabaki vile ilivyokuwa. Nikangoja.

"Ile ni dawa yenu," alisema mama mkwe. "Munaweza kuitengeneza vile munataka."

Na kwa kweli, mimi mwenyewe ningesema hivyohivyo. Nsimire hakujitetea. Alikuwa amesimama karibu na mlango, mikono ameificha ndani ya kitenge, kama vitu vilivyokatazwa kuonekana.

Espe ndiye aliyeinuka. Alimpa mama mkwe mtoto, akachukua sabuni ya zamani akaigusa kwa ulimi. Alitema, machozi yakamtoka, sijui kwa ukali wa soude au kwa kufikiri ngozi ya mwanawe. Akasukutua. Akachukua ile mpya, akaigusa, akangoja. Akaigusa tena. Halafu akatoka, tukasikia maji yanamiminwa kwenye beseni.

Aliporudi alisimama mbele ya mama yake.

"Maman, maji iko tayari. Kujeni mumuoshe."

"Leo nitamuosha na maji tu," Nsimire alisema.

"Hapana, maman. Na sabuni. Yenu."

Mama mkwe alisita, akamtazama Espe, akamtoa mtoto. Nsimire akafunua mikono yake. Nilisogea kushika beseni. Alimpaka mtoto taratibu, shingo, kwapa, mapaja, akitazama kila mkunjo wa ngozi kabla ya kuugusa. Povu lilikuwa dogo, wala hakuna aliyelisemea neno. Mtoto alijinyoosha, akafungua macho, akamkojolea bibi yake kifuani, mkojo mrefu wa mwanaume, hadi kwenye kitenge.

Tulicheka sote, hata mama mkwe, akakimbilia kutafuta kitambaa cha kumpangusa. Nsimire alikataa kitambaa. Alikuwa analia, na alimshika mtoto palepale kifuani, penye maji.

"Acheni," alisema. "Leo ni yeye ananiosha."